Muulize Msafiri: Córdoba kwa miguu, na mwongozaji au peke yako?

Wapendwa wasomaji, mwezi huu maswali yote ni ya mji mmoja, Córdoba, kule kusini mwa Uhispania. Ndio mji mnaoniulizia zaidi sasa hivi, na pia ndio mji ambao ukiuzunguka bila mtu wa kukuelezea unatoka na picha nzuri lakini hujui ulichokipiga picha. Majina yenu nimeyatoa kama mlivyoomba.

Dada habari. Mimi na mume wangu tutapita Córdoba siku moja tu, tukitoka Madrid kwenda Sevilla. Kuna haja kweli ya kulipia mwongozaji wakati simu zetu zina ramani na intaneti? Na hizi ziara za bure tunazoziona onlaini, ni za bure kweli? – Wawili wenye haraka

Nzuri sana wapendwa, na hongereni kwa safari. Nianze na simu. Simu itawafikisha mpaka mlangoni na itawaambia jengo limeanza karne ya ngapi, ila haitawashika mkono iwaambie simameni hapa, geukeni, angalieni pale juu. Chukua mnara wa kengele wa Mezquita, ule msikiti mkubwa wa zamani ambao sasa ni kanisa kuu, watu wanaupiga picha wanaendelea na safari, wakati mwongozaji anayejua kazi yake atawasimamisha uani awaambie kwamba ndani ya huo mnara wa kanisa kuna mabaki ya mnara wa adhana uliojengwa na khalifa Abd al-Rahman III karne ya 10, hawakuuvunja wote, waliuzungushia mawe mapya na kupandisha kengele juu yake. Ukishalijua hilo unauangalia mnara kwa jicho jingine kabisa.

Za bure sasa. Bure maana yake ni kwamba hulipi wakati wa kubuku, lakini mwisho wa matembezi unatoa bakshishi, na yule kijana aliyewatembeza saa mbili juani anaitegemea hiyo, tena mara nyingi kampuni inamkata kiasi fulani kwa kila mgeni aliyempokea, kwa hiyo mkiondoka kimyakimya mmemtia hasara. Kati ya euro 10 na 15 kwa mtu ndio kiasi cha heshima. Mkipiga hesabu mtaona hakuna tofauti kubwa sana na ya kulipia.

Kuna jambo jingine watu wengi hawaambiwi. Córdoba iko kwenye jimbo la Andalucía, na huko kuongoza wageni ndani ya majengo ya urithi kunahitaji leseni inayotolewa na serikali ya jimbo, Junta de Andalucía. Ndo maana nyingi ya hizo za bure zinazunguka nje tu, mtaa wa zamani wa Wayahudi, daraja, kuta, halafu mnaachwa kwenye mlango wa Mezquita na kuambiwa karibuni tena. Kwa watu wa siku moja kama nyie mimi ningeweka pesa kwa mwongozaji mwenye leseni atakayeingia nanyi ndani, kisha vichochoro mkatembea wenyewe, maana vichochoro raha yake ni kupotea. Kabla ya kulipa ulizeni kundi lina watu wangapi, na kama tiketi ya kuingia imo kwenye bei au ni ya kujitegemea, kwa sababu peke yake inazidi euro 10 kwa mtu mzima na wengine huja kushtukia mlangoni.

Ratiba yenu inawezekana. Treni ya kasi toka Madrid inachukua kama saa moja na dakika 45, na kutoka stesheni mpaka Mezquita ni mwendo wa dakika 20 na kitu kwa miguu. Mabegi yaacheni stesheni kwenye makabati ya kulipia, msije mkayaburuza kwenye yale mawe.

Mwanangu, mimi ni mwalimu wa historia mstaafu, watoto wangu wamenilipia safari ya Uhispania. Nimesoma mahali kwamba kibla cha ule msikiti mkubwa wa Córdoba hakielekei Makka, tena mihrabu, kile kidaka cha ukutani anaposimama imamu, haiko katikati ya ukuta. Ni kweli? Na je, kwa magoti haya nitaweza kutembea na kundi? – Mwalimu

Shikamoo mwalimu. Swali lako limenifurahisha kuliko yote, na ni la kwenda nalo kule kule ukamuulize mwongozaji, maana majibu yake ndiyo yatakuonyesha kama umepata mtu au umepata kinanda cha kurudia wimbo ule ule.

Ni kweli yote mawili. Ukuta wa kibla unaelekea kusini, wakati kutoka Córdoba Makka iko upande wa mashariki kidogo kuelekea kusini. Wataalamu wanavutana kuhusu sababu. Wapo wanaosema Abd al-Rahman I, aliyeanzisha ujenzi kwenye miaka ya 780, alifuata mpangilio wa mitaa ambayo ilishakuwepo toka enzi za Warumi. Wapo wanaosema ni desturi ya Sham (Syria), manake yeye alikuwa mtoto wa ukoo wa Umayya, alitoroka Sham baada ya ndugu zake kuuawa mwaka 750, akavuka Afrika Kaskazini yote mpaka Uhispania, na kwa mtu wa Damascus kibla ni kusini. Mwongozaji akikupa jibu moja tu kwa uhakika mkubwa, basi hajasoma vya kutosha.

Mihrabu kutokuwa katikati kuna sababu inayoonekana kwa macho, na hapa ndipo napenda watu watembee badala ya kusoma. Jengo lilikua kwa awamu. Abd al-Rahman II alilirefusha kuelekea kusini karne ya 9, halafu al-Hakam II akalirefusha tena miaka ya 960 na ndiye aliyeweka mihrabu hii unayoiona leo yenye vipande vidogo vidogo vya kioo na dhahabu. Karibu mwaka 987 akaja al-Mansur, waziri aliyekuwa na nguvu kuliko khalifa mwenyewe, akataka naye kupanua, lakini kusini mto Guadalquivir umeshakaribia na magharibi kuna ikulu, kwa hiyo akapanua upande wa mashariki peke yake. Mihrabu ikabaki pale pale ilipo huku ukumbi ukinenepa upande mmoja. Ukisimama mbele yake ukaangalia kushoto na kulia utaliona hilo bila kuambiwa na mtu.

Sasa mwalimu, ukifika kwenye upanuzi wa al-Mansur nyanyua macho kwenye zile tao za rangi nyekundu na nyeupe. Kwenye sehemu za mwanzo, nyekundu ni matofali na nyeupe ni jiwe, yamepangwa kwa kupishana. Huku kwa al-Mansur nyingi ni jiwe tupu, nyekundu imepakwa rangi tu ili ifanane na ya zamani. Ni kazi kubwa iliyofanywa kwa haraka. Halafu rudi sehemu ya mwanzo kabisa uangalie nguzo zenyewe, hazifanani, moja ya kijivu, nyingine ya waridi, vichwa vyake tofauti, kwa sababu zilitolewa kwenye majengo ya Warumi na ya Wavisigothi waliotawala baada yao. Zilikuwa fupi, ukumbi ungekuwa wa kubana kama pango, ndipo mafundi wakabuni tao mbili, moja juu ya nyingine, ili dari ipande na mwanga upite. Zimebaki nguzo zaidi ya 850 na mpaka leo sijaona suluhisho la ufundi lililonigusa kama hili, mtu ana nguzo fupi za kuokota na anatengeneza kitu ambacho miaka zaidi ya 1,200 baadae watu wanatoka pembe zote za dunia kukiangalia.

Katikati ya msitu huo wa nguzo utakutana na kanisa kubwa lenye dari refu jeupe. Mji ulichukuliwa na mfalme Mkristo, Fernando III, mwaka 1236 na msikiti ukawekwa wakfu kuwa kanisa mwaka huo huo, ila hilo jengo la katikati lilianza mwaka 1523. Watu wengi hawajui kwamba baraza la mji lilipinga, Wakristo wenyewe wa Córdoba, wakatangaza hukumu ya kifo kwa fundi yeyote atakayegusa kazi ya kuvunja, mpaka shauri likapelekwa kwa mfalme Carlos wa Kwanza naye akampa ushindi askofu. Hapo sehemu ya kanisa ndipo penye mabenchi, kaa upumzishe magoti.

Kuhusu kutembea usiwe na hofu sana. Matembezi mengi ni kama saa mbili hadi mbili na nusu, na mji wa kale wa Córdoba hauna milima kama Toledo au ule mtaa wa Albaicín kule Granada, ambako ningekuambia tusitishe. Tatizo ni chini. Njia nyingi zimetandikwa kokoto za mtoni, zile za duara, zimesimamishwa moja moja, na zinachosha nyayo kuliko umbali wenyewe. Vaa raba yenye soli nene, beba fimbo kama unayo, na chukua mwongozaji wa familia yenu peke yenu hata kama ni ghali kidogo, ili mwendo uwe wako na si wa vijana wa miaka 20. Mkigawana watoto wako hawatasikia bei.

Assalaam alaykum dada. Mimi na wenzangu tungependa kusali rakaa mbili tu mle ndani ya Mezquita, kwa heshima. Inaruhusiwa? Na chakula tunafanyaje? – Msomaji

Waalaykum salaam. Hairuhusiwi. Lile ni kanisa kuu la dayosisi, misa zinasaliwa humo, na walinzi wakimuona mtu anajiandaa kusali Kiislamu wanamfuata papo hapo. Waislamu wa Uhispania walishaomba kwa kanisa ruhusa ya kusali pamoja humo wakakataliwa. Najua inauma, nami naielewa hiyo hamu, lakini msijaribu kwa kificho, mtaharibu siku yenu na mtamuweka mwongozaji wenu pabaya. Kuna msikiti mdogo unaitwa El Morabito, kwenye bustani za Plaza de Colón, ni mwendo wa dakika kama 20. Ulijengwa wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe miaka ya 1930 kwa ajili ya wanajeshi wa Morocco waliokuwa upande wa Jenerali Franco.

Chakula, ulizeni kila kitu. Salmorejo ni supu nzito ya baridi ya nyanya, mkate, kitunguu saumu na mafuta ya zeituni, tamu mno kwenye joto, ila juu yake wananyunyizia yai na jamón ambayo ni nguruwe, kwa hiyo semeni mapema "sin jamón". Flamenquín achaneni nayo kabisa, hiyo ni nguruwe ndani na nje. Biringanya za kukaanga zinazomiminiwa asali, berenjenas con miel, ziagizeni mara mbili. Kumbukeni pia Wahispania wanakula mchana kuanzia kama saa 8 na chakula cha usiku ni saa 3 kuendelea, mkienda saa 12 jioni mtakuta jiko limelala.

Nilishawahi kutembezwa kwenye mji mwingine huko huko Uhispania, mwongozaji alikuwa mchangamfu kweli lakini baadae nikagundua vitu vingi alivyotuambia vilikuwa hadithi. Nitajuaje Córdoba nisidanganywe tena? – Mpenda ukweli

Pole sana, na una haki ya kukasirika, mtu umelipa upewe historia. Ila hadithi zenyewe si mbaya, ubaya ni kuzichanganya na historia bila kumwambia msikilizaji. Dawa yake ni swali moja la upole, "hii imeandikwa mahali au ndio watu wanavyosimulia?" Mwongozaji mzuri analipenda hilo swali, utaona hata uso unachangamka.

Córdoba kuna sehemu kadhaa ambapo utalihitaji. Pale ndani ya kanisa karibu lazima utaambiwa kwamba mfalme Carlos alipokuja kuona kazi aliyoiruhusu alijuta na kusema maneno makali kwamba wameharibu kitu cha pekee duniani. Ubishi wa baraza na askofu umo kwenye kumbukumbu, lakini hayo maneno ya majuto yameingia kwenye simulizi baadae. Pembeni ya mto kuna gurudumu kubwa la maji, la Albolafia, wanasema malkia Isabel aliamuru liondolewe kwa sababu kelele zake zilimnyima usingizi kule Alcázar, ngome ya wafalme. Simulizi. Kwamba kwenye hiyo hiyo Alcázar Columbus alikutana na Isabel na mumewe Fernando mwaka 1486 kuomba msaada wa safari yake, hiyo ni historia. Na ile maktaba ya al-Hakam II yenye vitabu 400,000, idadi inatoka kwa waandishi wa zamani waliopenda kutukuza, maktaba ilikuwepo na ilikuwa kubwa sana, ila hizo laki nne usiziapie.

Lakini ninachokichunga mimi zaidi ni kile mwongozaji anachokiruka. Utasikia mara nyingi kwamba Waislamu, Wakristo na Wayahudi waliishi Córdoba kwa amani kama ndugu, basi, kisha mnaenda kupiga picha sanamu ya Maimonides, mwanafalsafa wa Kiyahudi, kwenye mtaa wa Wayahudi, kiatu chake kimeng'aa kwa kushikwa na wageni wanaotaka kuambukizwa hekima. Muulize kwa nini huyo Maimonides, mzaliwa wa hapo hapo, alikuja kufia Misri. Jibu ni kwamba Almohad, watawala Waislamu kutoka Morocco, walipouteka mji mwaka 1148 Wayahudi walibanwa na familia yake ikahama. Muulize kuhusu Ibn Rushd, naye mtoto wa Córdoba, aliyezaliwa 1126, mwanafalsafa aliyesomwa Ulaya nzima, uzeeni akafukuzwa mjini na vitabu vyake vikachomwa na watawala Waislamu wenzake. Halafu 1391 mtaa wa Wayahudi ukavamiwa na Wakristo, na 1492 wakafukuzwa nchi nzima.

Yote hayo yako ndani ya chumba kimoja kidogo, sinagogi la Calle Judíos, lililojengwa 1315. Ni moja kati ya machache ya zama za kati yaliyosalia Uhispania, mawili mengine yako Toledo. Kuta zake zina nakshi za plasta za mtindo wa Kiislamu, maandishi ni ya Kiebrania, na baada ya Wayahudi kufukuzwa likageuzwa hospitali ya wagonjwa wa kichaa cha mbwa, kisha kanisa dogo la chama cha washona viatu. Nakshi zikafichwa chini ya chokaa mpaka karne ya 19. Makundi mengi hukaa humo dakika tano. Mwongozaji anayekuacha humo kwa robo saa na kukusomea ukuta, huyo mpe bakshishi kabla hata hamjamaliza.

Dada, mimi ni mama wa watoto wawili, mmoja ana miaka 7 na mwingine bado yuko kwenye kigari. Tunafikiria Mei au Agosti. Watavumilia? – Mama wawili

Mama, Agosti hapana. Joto la Córdoba kiangazi linavuka nyuzi 40 mara kwa mara, na mchana mji wenyewe unajifungia ndani. Kama likizo ni Agosti tu na hamna namna, basi chukueni matembezi ya asubuhi mapema au yale ya usiku, katikati mlale hotelini kama wenyeji.

Mei ni kuzuri mno, hasa wiki mbili za mwanzo wakati wa mashindano ya patio, watu wanafungua nyua za nyumba zao zilizojaa maua ukutani toka chini mpaka juu na mnaingia bure. Mashindano yalianza 1921 na tangu 2012 yako kwenye orodha ya urithi ya UNESCO. Mwanao wa miaka 7 atapenda kuona wanavyomwagilia, maua yako juu sana kwa hiyo wanafunga kopo la bati kwenye ncha ya mwanzi mrefu na kuliinua mpaka kwenye chungu, na ukiomba vizuri wengine wanamuachia mtoto ajaribu. Ila foleni za wikiendi zinatisha na hoteli zinapanda bei, nendeni siku za katikati ya wiki, mtaa wa San Basilio, na mbuku malazi mapema sana.

Kigari kiacheni hotelini mumbebe mtoto mgongoni, zile kokoto nilizomwambia mwalimu zitawavunja mikono. Msimlipie huyo wa miaka 7 ziara ya saa mbili na nusu, hatamaliza, tafuteni mwongozaji anayetembeza familia kwa saa moja na nusu, na katikati mumuachie mtoto akimbie kwenye ule uwanja wa michungwa wa Mezquita, kuingia hapo uani hakuna tiketi. Asubuhi inayofuata rudini wenyewe ndani ya jengo, Jumatatu mpaka Jumamosi kuanzia saa 2 na nusu hadi saa 3 na nusu asubuhi (kwenye bango imeandikwa 8:30) ni bure kwa watu binafsi na makundi hayaruhusiwi, kwa hiyo ni kimya na mtoto ataweza kuhesabu nguzo bila kukanyagwa. Jumapili hakuna huo muda wa bure, na panafungwa kwa muda kwa ajili ya misa.

Na kina mama wanaowasogelea nje ya Mezquita na vijitawi vya rozimeri, msipokee mkononi, ukishapokea anaanza kukusomea kiganja na kudai pesa. Sema "no, gracias" kwa tabasamu mwendelee na safari. Ukishapata tarehe niandikie tena, nikutajie vituo vya kupumzikia vyenye kivuli na choo, maana na watoto hiyo ndiyo ramani yenyewe.